Betri Iliyofura Haitobolewi



Leo nataka tuzungumze juu ya ganda la betri. Simu nyingi tunazotembea nazo siku hizi, na pawabenki zile nyembamba, betri zake hazina mkebe wa chuma. Fundi akiifungua simu mbele yako utaiona betri: ni bapa, ni nyepesi, na chini ya ile karatasi yenye maandishi imevishwa kifuko laini cha rangi ya fedha. Kifuko hicho ndicho kilichonileta mbele ya kinasa sauti, kwa sababu kuna tabia imeenea hapa mjini Mombasa nayo ni ya hatari. Betri ikifura, mtu huchukua pini au sindano akaitoboa pembeni, gesi ikatoka fsss, akaibana kwa kidole mpaka ikalala, akaipiga selotepu, akairudisha ndani ya simu.

Wapo mafundi wanaofanya hivyo kwa nia njema kabisa. Mteja hana pesa za betri mpya, na kesho yataka apokee malipo ya M-Pesa kwa simu hiyohiyo. Wapo vijana wanaofundishana kwa video. Mimi nasema tabia hii ikome, na nitawaeleza kwa nini, maana mtu mzima hakatazwi jambo bila kupewa sababu yake.

Tuanze na ganda lenyewe. Kwa betri za simu, unene wake mara nyingi ni mikroni 113, na lipo jembamba zaidi la mikroni 88. La betri za magari hufika 152. Mikroni elfu moja ndizo milimita moja, kwa hivyo tunazungumzia kitu chenye unene wa takriban sehemu moja ya kumi ya milimita. Na ndani ya unene huo mna matabaka kadhaa yaliyoshikanishwa, na kila tabaka lina kazi ambayo jirani yake haiwezi.

Nje mna nailoni, na pengine juu ya nailoni huongezwa poliesta. Tabaka hili huvumilia mikwaruzo, na huvutika bila kuchanika. Kuvutika huko kunahitajika, kwa kuwa ganda hubonyezwa kwenye kalibu likiwa baridi mpaka lifanye shimo la kulaza betri, na pembe za shimo hilo hubaki nyembamba kuliko mahali pengine. Katikati mna alumini ya takriban mikroni 40. Ndani kabisa, upande unaogusana na kemikali, mna polipropilini, plastiki ambayo kemikali za betri haziiwezi, na ambayo ikibanwa kwa vyuma vya moto huyeyuka na kushikana yenyewe kwa yenyewe. Baina ya tabaka na tabaka kuna gundi, na gundi hiyo ni elimu peke yake, kwa sababu yapaswa kushika miaka na miaka huku ikiwa jirani na kemikali kali.

Kwa nini alumini? Kwa sababu plastiki yoyote, hata ukiifanya nene, hupitisha mvuke wa maji kidogo kidogo. Chuma hakipitishi. Lakini alumini ikiwa nyembamba mno huwa na vitundu ambavyo jicho halivioni. Ndiyo maana hawatii ile ya jikoni tunayofungia samaki, ambayo kwa kawaida haifiki hata nusu ya unene wa hii.

Ufundi huu haukuanza na betri. Ulianza na chakula. Mwaka 1968 kampuni ya Otsuka ya Japani ilitoa Bon Curry, mchuzi uliokwisha kupikwa ukafungwa ndani ya kifuko, mtu anauchemsha na kuula. Kifuko cha mwanzo hakikuwa na alumini, na mchuzi ulidumu miezi miwili, mitatu tu. Mwaka uliofuata wakatia tabaka la alumini, ukaweza kukaa miaka miwili. Sony ilipoleta sokoni betri ya lithiamu-ioni mwaka 1991, betri ile ilikuwa ndani ya mkebe wa chuma. Baadaye katika miaka hiyo ya tisini, watu walipotaka betri nyembamba na nyepesi, elimu ya kufungia mchuzi ikahamia kwenye umeme. Mpaka leo majina makubwa katika kazi hii ni ya Kijapani: Dai Nippon Printing, kampuni iliyoanza karne ya 19 kwa kuchapa vitabu, na Resonac, ambayo zamani ikiitwa Showa Denko.

Sasa tufike kwenye maji, maana kisa chote kiko hapo.

Ndani ya betri mna chumvi ya lithiamu iliyoyeyushwa katika vimiminika vinavyoshika moto. Chumvi inayotumika zaidi ina fosforasi na florini ndani yake. Ikikutana na maji, hata yakiwa kidogo mno, huzaa asidi ya hidrofloriki. Hii ni asidi inayokula kioo, na ikimpata mtu hupenya ngozi ikadhuru mpaka mfupa. Ndani ya betri asidi hiyo hushambulia viungo vyote, huharibu uwezo wa kuhifadhi chaji na huzaa gesi zaidi. Kwa ajili hiyo betri hizi hufungwa katika vyumba ambavyo hewa yake imekaushwa mpaka kiwango cha umande cha nyuzi 40 chini ya sifuri.

Tuipime hewa yetu na ile. Chukua chumba cha futi kumi kwa kumi, na urefu wa kwenda juu futi kumi, kama vile ambavyo wengi wetu tumepanga. Siku ya joto la nyuzi 30 na unyevu wa asilimia 75, siku ambayo mtu wa Mombasa hata haitaji, hewa ya chumba hicho imebeba zaidi ya nusu lita ya maji. Huyaoni, lakini yamo. Ndiyo yanayokulowesha shati na kuifanya chumvi ya mezani isimwagike. Chumba hichohicho kikiwa na hewa ya kiwandani, maji yake yote hayazidi kijiko kimoja cha chai. Hiyo ndiyo tofauti kati ya mahali betri ilipofungwa na mahali inapofunguliwa kwenye meza ya fundi. Anayeitoboa betri hapa Mvita anaitoboa mahali pabaya kuliko Nakuru au Eldoret, kwa sababu ya hewa tu.

Na hata betri ambayo haijaguswa na mtu inapambana na unyevu huu kila siku. Kwa kuwa alumini imeziba uso mzima, maji hayana njia isipokuwa kwenye kingo, pale polipropilini mbili ziliposhikanishwa kwa joto. Mama anayekunja sambusa analijua hili vizuri. Manda ikiwa nzuri na nyama ikiwa tamu, lakini ukingo haukushikwa sawasawa na gundi ya unga, ndani ya karai mafuta yataingia na nyama itatoka. Upana wa ukingo wa betri ni milimita chache tu, na mvuke hupenya hapo polepole kwa miaka. Ukingo mwembamba, au uliofungwa kwa joto lisilotosha, hufupisha miaka hiyo. Hapo ndipo betri ya kopi inapotofautiana na ya orijino, na mnunuzi hawezi kuitambua tofauti hiyo kwa kuitazama dukani.

Kuna jambo jingine ambalo mafundi yafaa walitie maanani. Betri nyingi zimegandishwa ndani ya simu kwa gundi, na njia ya haraka ya kuing'oa ni kupuliza blowa kisha kuchokoa kwa bisibisi. Joto la blowa likizidi, polipropilini ya ukingo hulainika, na mshiko wake ukalegea bila dalili yoyote kwa nje. Bisibisi nayo huchimba. Ikiwa imelitoboa tabaka la ndani tu, kimiminika huifikia alumini, na alumini hiyo ikigusana na upande hasi wa betri huanza kulika, ikatoboka siku nyingi baada ya simu kurudi kwa mwenyewe. Tumieni utepe wa kuvutia kama upo, au matone ya spiriti kulegeza gundi, na kipande cha plastiki badala ya chuma. Na ukingo uliokunjwa ubavuni musiupunguze kwa mkasi ili betri ya simu nyingine iingie. Ukingo huo si ziada.

Tuje kwenye kufura. Betri hufura kwa sababu vile vimiminika vya ndani vimevunjika na kuwa gesi. Vinavunjwa na joto, na kuchajiwa kupita kiasi, na chaja mbovu, na uzee, na maji yaliyopenya. Simu iliyowekwa kwenye dashibodi ya tuktuk saa saba mchana mwezi wa Machi, huku inachajiwa, huku inaonyesha ramani, imepata nusu ya sababu hizo kwa pamoja. Simu iliyochajiwa usiku kucha chini ya mto imepata zake. Gesi zinazotokea ni kaboni dayoksaidi, kaboni monoksaidi, ethilini na nyinginezo, na baadhi yake huwaka.

Betri ya mviringo ya mkebe wa chuma huwa na kitundu maalumu cha kupumulia gesi ikizidi. Betri ya kifuko aghalabu haina. Ganda lake hufura, na kufura huko ni ganda kufanya kazi yake: limezizuia gesi zile zisikufikie, na limezuia hewa ya nje isiingie. Betri imekufa, lakini ganda bado lina nguvu. Yule mtu mwenye pini analiua ganda, kitu pekee kilichobaki kizima.

Akishatoboa, mambo kadhaa hutokea kwa mkupuo. Gesi inayowaka hutoka karibu na uso wake. Pini yenyewe ikipita mbali huunganisha upande chanya na upande hasi, cheche ikatokea ndani ya vimiminika vinavyowaka. Hewa na unyevu huingia, na grafiti ya upande hasi, iliyoshiba lithiamu, haipatani na hewa wala maji. Inaweza kulipuka moto papo hapo. Inaweza pia kutulia, na hili ndilo linalowadanganya watu, kwa sababu simu hurudi kuwaka, mteja hulipa akaenda zake, na asidi ikaanza kazi polepole mfukoni mwake. Selotepu haizuii mvuke. Hakuna selotepu inayofanya kazi ya alumini ya mikroni 40.

Nimewahi kujibiwa na kijana mmoja, mjuzi wa kazi yake, kwamba hata kiwandani betri hutobolewa. Ni kweli, na yataka ajibiwe kwa haki. Betri ikichajiwa mara ya kwanza kabisa hutoa gesi. Kwa hivyo viwanda huacha ganda likiwa na mfuko wa ziada ubavuni, gesi ikakusanyika huko. Kisha mfuko huo wa ziada ndio unaotobolewa, si mwili wa betri, tena ndani ya mtambo uliofyonzwa hewa yote. Baada ya hapo ukingo mpya hufungwa kwa joto, na mfuko uliotobolewa hukatwa ukatupwa. Kwenye meza ya fundi hapa Tononoka hakuna mfuko wa ziada, hakuna mtambo wa kufyonza hewa, na chumba kina nusu lita ya maji. Tundu ni moja kwa macho tu.

Na hata wakubwa wa kazi hii hawachezi na ganda. Mwaka 2016 Samsung iliwataka wateja wairudishe simu ya Galaxy Note 7, zaidi ya simu milioni mbili, kisha ikaacha kabisa kuitengeneza baada ya baadhi kuwaka moto. Januari 2017 ilieleza sababu. Betri zilitoka kwa watengenezaji wawili, na kwa mmojawapo ganda halikuacha nafasi ya kutosha kwenye pembe ya juu kulia, kwa hivyo ncha ya ndani ikajikunja na kubanwa. Ni pembe moja ya kifuko. Sasa mfikirie anayeikunja betri nzima kwa vidole ili mgongo wa simu ujifunge.

Usafirishaji nao una sheria zake. Tangu tarehe 1 Aprili 2016 betri za lithiamu-ioni zinazosafirishwa peke yake haziruhusiwi kama mizigo katika ndege za abiria duniani kote, na zilizoharibika haziruhusiwi ndegeni kabisa. Ikiwa dunia imekataa kukaa na betri mbovu angani, sisi twazilaza chini ya kaunta, ndani ya droo ya mbao, katika nyumba za kupanga ambazo chini ni duka na juu watoto wamelala. Vichochoro vingi vya Mji wa Kale gari la zimamoto haliingii. Nawaomba wenye nyumba na wenye maduka walifikirie hilo kwa uzito wake.

Basi betri mbovu ziende wapi? Hapa lawama haiwezi kumwangukia fundi peke yake. Ukiitupa kwenye pipa itabebwa na lori, itabanwa pamoja na takataka nyingine, ganda litachanika, na moto wa dampo mwanzo wake unaweza kuwa huo. Ganda lenyewe nalo ni taabu kulirejeleza, kwa sababu ile ile iliyolipa nguvu: nailoni, alumini na polipropilini zimegandana hata kuzitenganisha ni kazi ya viwanda vichache. Lakini kabla ya kiwanda kuna hatua moja, nayo ni kuikusanya betri ikiwa nzima.

Kenya ina Sheria ya Usimamizi Endelevu wa Taka ya mwaka 2022, na sheria hiyo inamtwika mtengenezaji na anayeingiza bidhaa nchini jukumu la bidhaa yake mpaka inapokuwa taka. Tena mtengenezaji siku hizi si mtu wa mbali. Tangu Oktoba 2023 kuna kiwanda Athi River kinachounganisha simu, Safaricom ikiwa mmoja wa wenye ubia. Nairobi kuna kituo cha WEEE kinachopokea taka za vifaa vya umeme. Kinachokosekana ni kiungo cha kati, kutoka kwa mama wa Tononoka mwenye simu iliyofura mpaka huko. Kampuni inayoweza kufikisha simu mpya katika kila mtaa wa kisiwa hiki inaweza kurudisha betri chakavu kwa njia hiyohiyo. Naiomba Kaunti ya Mombasa iweke vituo vya kupokelea, na kimoja kiwe hapa Tononoka, mahali ambapo watu hupita kila siku kwenda mahakamani, uwanjani na shuleni.

Wakati tunasubiri, yapo ya kufanya leo. Ndugu zangu mafundi wa Tononoka, Mwembe Tayari, Marikiti na Digo Road: wekeni ndoo ya chuma yenye mchanga mkavu, nje ya kibanda au karibu na mlango. Betri iliyofura ikitolewa, zibeni ncha zake kwa selotepu ya umeme, muilaze mchangani, na musiifunike kwa kifuniko cha kubana. Ikianza kutoa moshi, tokeni na muwatoe wateja. Moshi huo usivutwe hata kidogo. Mteja akiwaambia itobolewe, mkatalieni kwa upole, mumweleze kisa cha maji.

Na wewe uliye nyumbani, unayenisikiliza kwa simu ambayo mgongo wake umeanza kuinuka au kioo kimeanza kuachana na fremu, iondoe kwenye chaji sasa hivi. Izime, usiibonyeze, usiiweke chini ya mto wala karibu na jiko. Kesho asubuhi mpelekee fundi, na kabla hajashika kitu mwambie kwamba hutaki itobolewe.